Walimu Kumi na Moja, Vyuo Vitatu

Tulimwacha Msajili kizimbani, mkono mmoja umeshika ukingo wa mbao, mwingine umeminya leso, na swali likiwa bado linamsubiri: mwalimu nambari nne hufundisha wapi Jumanne saa nne asubuhi?

Swali dogo, msomaji wangu. Lakini Msajili alikuwa ametoa macho kama mjusi aliyebanwa na mlango. Mbele yake alisimama wakili wa chuo kikuu, mama mwembamba asiyepandisha sauti hata akikanyagwa, na mkononi alikuwa na karatasi tatu badala ya moja.

Wewe uliyeanza kusoma leo, nakueleza kwa pumzi moja. Chuo cha Ufamasia ni cha mtu binafsi. Mitihani yake hutungwa na chuo kikuu na vyeti hutoka chuo kikuu, mradi kiwe na hati ya ushiriki. Mwaka huu chuo kikuu kimekataa kuihuisha hati hiyo, kisa chuo hakina walimu. Mwenye chuo akakimbilia mahakamani kudai kwamba anao, tena kumi na moja wa kudumu. Msajili wake, mwanamke mwenye akili timamu, akaapa kwa maandishi kuwa orodha ya hao kumi na moja ni ya kweli.

Kwa nini aliapa? Kwa sababu Jumatatu ni mtihani wa mwisho, na kati ya wanafunzi sitini na wawili wanaousubiri yumo mdogo wake, kitinda mimba wa nyumba yao. Mtaa mzima unamwita Kitinda. Bila hati hakuna mtihani, na bila mtihani miaka minne ya Kitinda ni karatasi za kufungia karanga.

"Shahidi," wakili wa chuo kikuu alirudia, "nambari nne. Jumanne. Saa nne."

"Anafundisha kwetu," Msajili alisema. "Kemia ya dawa."

"Asante. Hii ni hati ya kiapo ya Chuo cha Uuguzi. Nambari nne ni huyo huyo. Jumanne saa nne yuko kwao, anafundisha lishe. Na hii ni ya Chuo cha Maabara. Nambari nne, huyo huyo, Jumanne, saa nne, anafundisha vimelea. Shahidi, huyu mwalimu ana miguu mingapi?"

Watu wakaangua kicheko. Karani wa mahakama aligonga meza, kisha naye akainamisha kichwa chini ya meza kana kwamba ameangusha kalamu.

"Napinga!" Wakili wa Chuo cha Ufamasia aliruka kutoka kitini.

Huyu ndiye Wakili Pingamizi. Jina hilo alipewa na makarani, maana amewahi kupinga hadi tangazo la kukatika kwa maji. Suti yake ilikuwa nyeupe kuliko dhamiri yake.

"Unapinga nini, Wakili?" Jaji aliuliza. Jaji huyu alikuwa mzee wa kukunja uso na kukunjua polepole.

"Napinga karatasi hizo kuingizwa humu kwa mlango wa nyuma, Mheshimiwa! Hizo ni za kesi nyingine!"

"Kesi ipi nyingine?"

"Ya Uuguzi na ya Maabara!"

Jaji alifungua jalada, akalamba kidole, akageuza kurasa tatu. "Wiki iliyopita uliniomba nini, Wakili?"

Wakili Pingamizi akaanza kupangusa vumbi kwenye suti yake.

"Nitakusomea. Uliniomba kesi za vyuo vitatu ziunganishwe ziwe kesi moja, kwa kuwa malalamiko ni yale yale na wewe ndiye wakili wa vyote vitatu. Ukasema utaipunguzia mahakama mzigo. Nikakubali. Nikakushukuru, hata. Kwa hiyo karatasi hizi zote zimo katika jalada moja, na aliyezitia humo ni wewe."

Hapo ndipo ulipo uzuri wa watu hawa. Miaka sita vyuo vitatu vimekuwa vikiazimana walimu kama majirani wanavyoazimana ngazi. Wakaguzi wakienda Uuguzi Jumatatu, walimu wako Uuguzi. Wakienda Maabara Jumatano, walimu wameshahamia Maabara, pamoja na hadubini nane na mfano wa mifupa ya binadamu unaobebwa kwenye buti la gari. Jambo moja tu lilitakiwa: vyuo hivyo visikae chumba kimoja kwa wakati mmoja. Na Wakili Pingamizi, ambaye alichoka kupanda ngazi kwenda vyumba vitatu vya mahakama, akaviweka chumba kimoja kwa mkono wake mwenyewe, na akatoza ada kwa kazi hiyo.

"Inawezekana ni watu tofauti," alijaribu. "Majina hufanana, Mheshimiwa."

"Na namba ya kitambulisho?" aliuliza wakili wa chuo kikuu.

"Wanaweza kuwa mapacha."

"Mapacha watatu, jina moja, kitambulisho kimoja?"

"Wazazi wengine ni wavivu wa kufikiri."

Jaji aliikunja ile sura yake. Kisha akaikunjua.

"Sasa sikilizeni. Saa nane mchana nataka hao walimu kumi na moja humu ndani. Wote. Chuo cha Ufamasia kitakaa upande wa kulia, Uuguzi katikati, Maabara kushoto. Kila mwalimu atasimama nyuma ya chuo kilichomwajiri. Mimi nitahesabu. Shahidi, bado uko chini ya kiapo. Usizungumze na yeyote kuhusu ushahidi wako."

Akainuka. Wote wakainuka. Msajili alishuka kizimbani wa mwisho.

*

Laiti ungekuwa kwenye korido ile saa sita mchana, ungecheka mpaka uombe kiti.

Walimu walianza kufika mmoja mmoja, wengine wakiwa na vumbi la chaki mikononi. Wenye vyuo watatu waliwangoja mlangoni kama makondakta. Hadi asubuhi hiyo watatu hao walikuwa marafiki wa kufa na kuzikana. Ilipogonga saa sita na nusu walikuwa wameshaitana wezi.

Mwenye Chuo cha Ufamasia ndiye aliyekuwa na pumzi kuliko wote. Wanafunzi wake humwita Profesa Bati. Uprofesa alijipa mwenyewe siku aliyopeleka mlango wake kwa mchoraji wa mabango, na bati ndiyo biashara aliyofanya kabla hajagundua kwamba vijana wanaotaka kusoma huja wenyewe dukani.

"Mwalimu wangu!" alimdaka nambari nne. "Leo nakufanya mkuu wa idara."

"Idara gani?"

"Chagua."

"Mwenye Uuguzi kaniahidi ukuu wa kitivo."

"Basi wewe ni naibu mkuu wa chuo! Simama kulia."

Nambari saba alipita. Akapewa unaibu wa pili. Nambari tisa, bingwa wa kusinzia darasani, akatangazwa mkurugenzi wa utafiti hapo hapo karibu na ndoo ya kudekia. Kufikia saa saba Chuo cha Ufamasia kilikuwa na manaibu watano na mkurugenzi wa kila kitu. Mwalimu wa kawaida hakubaki hata mmoja.

Mwenye Chuo cha Uuguzi, mama mwenye miwani ya dhahabu, alimshika nambari tano mkoba. Profesa Bati alimshika mkono. Mwalimu wa watu akavutwa huku na huku hadi kifungo cha shati kikaruka.

"Niacheni!" alipiga kelele. "Mimi nina kipindi saa tisa!"

"Kipindi wapi?" waliuliza wote wawili.

"Kwingine!"

Msajili aliyatazama haya akiwa ameegemea ukuta karibu na vyoo. Hakucheka. Alikuwa anawaza jinsi alivyoichapa ile orodha, mstari kwa mstari, na alivyojiambia kila mstari kwamba ni mambo ya ofisi tu.

"Dada."

Kitinda alikuwa amesimama mbele yake na koti jeupe la mazoezi limekunjwa mkononi. Nyuma yake, kwenye ngazi, walikaa wanafunzi wenzake wote wa mwaka wa mwisho, kimya, madaftari magotini. Hata mahakamani walikuwa wanasoma.

"Siruhusiwi kuzungumza na wewe habari za ushahidi," Msajili alisema.

"Sikuulizi ushahidi. Nakuuliza kama umekula."

"Sijala."

"Mama amepiga simu mara tatu. Kitambaa cha mahafali ameshampa fundi. Ameshawaalika na majirani, hadi yule wa nyumba ya kona wasiyesalimiana naye." Kitinda alilihamishia koti mkono wa pili. "Nimwambie nini?"

"Mwambie tupo."

"Dada, nimesoma mimi. Hata kama wao hawakuja darasani, mimi nilikuja. Tulikuwa tunafundishana wenyewe. Kipimo cha dawa ya mtoto wa kilo tisa nakijua nikiwa usingizini. Nisikose mtihani kwa ajili ya watu hawa."

Msajili alitaka kumshika bega. Kabla hajanyoosha mkono, harufu ya marashi makali ikawafikia, na Profesa Bati mwenyewe akafuata.

"Binti, tupishe," alisema. Kitinda akasogea, si mbali. Profesa alishusha sauti. "Msajili, sikia. Jaji akikuuliza orodha ilitoka wapi, sema uliiandaa wewe. Ulichanganya mafaili. Mwanamke una nyumba, una mambo mengi kichwani, nani atashangaa?"

"Profesa, orodha ulinipa wewe. Kwa mwandiko wako."

"Mwandiko upi? Una karatasi hiyo?"

Hakuwa nayo. Aliirudisha mezani kwa Profesa siku ile ile, kama mfanyakazi mwema anavyorudisha kalamu.

"Unaona," Profesa Bati alisema, akampapasa begani. "Mimi nakujali. Utapata onyo tu. Na mdogo wako atafanya mtihani, utakuwa msajili mkuu, na maisha yataendelea."

Akaenda zake kumpa mtu mwingine cheo.

*

Saa nane kamili chumba kilijaa hadi kwenye madirisha.

"Walimu," Jaji alisema, "simameni nyuma ya vyuo vyenu."

Ilikuwa aibu, na nitaieleza jinsi ilivyokuwa. Watano walikwenda kulia. Watatu katikati. Kushoto hakwenda mtu. Nambari tisa alikwenda kulia, akakonyezwa na mwenye Uuguzi, akahamia katikati, akakohoa mwenye Maabara, akaishia kusimama kwenye njia ya kupita watu. Nambari tano, aliyepoteza kifungo, alisimama mlangoni kabisa na kusema yeye alikuwa anapita tu.

Jaji alihesabu kwa kidole.

"Watano, watatu, mmoja njiani, mmoja mlangoni. Kumi. Na kila chuo kiliapa kina kumi na moja. Yaani mlipaswa kuwa thelathini na watatu. Wengine wako wapi?"

"Mheshimiwa," Wakili Pingamizi alisimama, "kiwango cha elimu hakipimwi kwa idadi ya..."

"Kaa."

Akakaa.

"Hata hao kumi na moja hawakutimia," Jaji aliendelea. "Hapa hakuna nambari moja. Yuko wapi?"

"Anaumwa, Mheshimiwa," alisema Profesa Bati.

"Kasafiri," alisema mwenye Uuguzi kwa wakati ule ule.

"Amefiwa," alisema mwenye Maabara, akichelewa kidogo.

"Maskini," alisema Jaji. "Anaumwa, yuko safarini na ana msiba. Shahidi, rudi kizimbani."

Msajili alipanda. Alimwona Kitinda safu ya tatu, koti jeupe limekumbatiwa kifuani. Alimwona Profesa Bati akitabasamu kwa meno ya juu tu.

"Shahidi, unamfahamu nambari moja?"

"Namfahamu, Mheshimiwa."

"Yuko wapi sasa hivi?"

Hapo kila mtu alitegemea uongo mwingine. Hata mimi, ninayewasimulia, nilitegemea uongo. Kwa wiki tatu mwanamke huyu alikuwa amebeba uongo wa mtu mwingine. Sasa ulimchosha. Alichoka waziwazi, mbele za watu, jinsi mtu anavyotua mzigo njiani bila kuomba ruhusa.

"Yuko humu ndani," alisema.

Waliojaa madirishani wakachungulia ndani.

"Humu? Mbona hakusimama?"

"Amekaa nyuma ya wakili wa chuo kikuu, Mheshimiwa. Yule mwenye tai ya bluu."

Vichwa vyote viligeuka. Mwenye tai ya bluu alikuwa anasoma dari.

Wakili wa chuo kikuu naye aligeuka, na kwa mara ya kwanza tangu kesi ianze sauti yake ilipanda. "Huyu? Huyu ni Mwenyekiti wa Kamati ya Ukaguzi! Huyu ndiye aliyeandika barua ya kuwanyima hati!"

"Ndiye huyo huyo," Msajili alisema. "Barua aliisaini kwa cheo, haina jina. Kwetu ni nambari moja, mwalimu wa kudumu wa elimu ya mwili, kwa jina lake kamili na kitambulisho chake. Uuguzi ni nambari moja pia. Na Maabara."

Wakili wa chuo kikuu alizichukua zile karatasi tatu alizozipunga asubuhi kwa madaha. Alikuwa amezisoma kuanzia nambari nne. Sasa akasoma juu yake. Rangi ikamtoka.

Nieleweshe, msomaji, kama wewe unaelewa. Bwana huyu aliagizwa kukagua kama Chuo cha Ufamasia kina walimu. Akaenda, akakagua, akaandika kwamba walimu hawaonekani darasani. Ripoti ya kweli kabisa! Nani angejua kuliko yeye, ambaye kwa miaka sita ndiye aliyekuwa haonekani?

"Mheshimiwa," Mwenyekiti alisimama, tai imemkaba, "mimi nilikuwa nasaidia tu. Kwa moyo wa kujitolea."

"Na vyuo vilipogoma kuendelea kuulipa moyo huo, ndipo ukaandika barua?" Jaji aliuliza.

Mwenyekiti alikaa. Jibu lake lilikuwa limeandikwa usoni, na wote waliokuwa humo ndani wanajua kusoma.

"Shahidi," Jaji alimgeukia Msajili, na safari hii alisema polepole. "Orodha hii ya uongo nani alikupa?"

Msajili alimtazama mdogo wake. Kisha akamtazama Profesa Bati, ambaye tabasamu lilikuwa limeanza kushuka kama pazia lililoachia ndoano moja.

"Mwenye chuo. Aliniandikia kwa mkono wake, nikaichapa, nikaapa. Nilijua ni uongo. Nilitaka mdogo wangu afanye mtihani. Nilikosea na nina aibu."

"Mwongo!" Profesa Bati aliruka. "Mwanamke mwongo!"

"Kaa chini," Jaji alisema, "Profesa wa nini sijui."

Kisha akaandika. Aliandika dakika kumi. Alipomaliza akasoma. Vyuo vyote vitatu havitapata hati, wala havitasajili mwanafunzi mpya. Chuo kikuu kitamweka pembeni Mwenyekiti wake na kumchunguza, na kisijifanye kimeonewa. Profesa Bati afike kesho, Ijumaa, saa tatu asubuhi, aeleze kwa nini asipelekwe polisi kwa kuandaa kiapo cha uongo.

"Ama wanafunzi," Jaji alisema, na akavua miwani, "hawa wamekosa nini? Chuo cha Ufamasia kina mtihani Jumatatu. Mwisho wa kupokea fomu za mtihani ulikuwa tarehe kumi na tano mwezi huu, na sitaongeza hata siku. Lakini kila fomu iliyosainiwa na msajili wa chuo kabla ya siku hiyo ni halali. Mwenye fomu hiyo atafanya mtihani, katika ukumbi wa chuo kikuu chenyewe. Nimemaliza."

Wanafunzi kwenye ngazi za korido walilipuka kwa shangwe. Madaftari yalirushwa juu. Mlangoni, Kitinda alimrukia dada yake shingoni, wakayumba wote wawili, wakaegemea mlango.

"Fomu zetu!" Kitinda alipiga kelele katikati ya machozi. "Dada, ulizisaini zote! Ulizisaini mwenyewe!"

"Zote sitini na mbili," Msajili alisema. Mkono bado ulikuwa unaukumbuka uchovu wa siku ile. "Sikuacha hata moja."

Ningependa kuishia hapa, nikanywe chai yangu. Lakini watu wa aina ya Profesa Bati hawashindwi kistaarabu.

*

Wakili Pingamizi aliwakuta kwenye ngazi za nje. Alikuwa peke yake, suti nyeupe, jalada kwapani, na upole mwingi mdomoni.

"Msajili, hongera. Umesema vizuri. Mimi sina neno. Nina karatasi tu, nimeombwa nikuonyeshe."

Akaitoa. Hakumpa, aliishika kwa ncha za vidole, mbali na mikono yao.

Ilikuwa barua yenye muhuri wa Chuo cha Ufamasia. Ilisema kwamba aliyekuwa msajili wa chuo amefukuzwa kazi kwa utovu wa nidhamu, na kwamba kuanzia siku ya barua hiyo saini yake si saini ya chuo.

"Amenifukuza," Msajili alisema. "Sawa. Nilitegemea. Nusu saa haijapita na barua tayari? Kweli ofisi ile huwa inafanya kazi ikitaka."

"Soma juu," Wakili Pingamizi alisema.

Kitinda ndiye aliyesoma. Alisogeza uso karibu, midomo ikatembea, kisha ikasimama.

"Hii imeandikwa tarehe mbili."

"Tarehe mbili mwezi huu," Wakili Pingamizi alikubali. "Ina muhuri na saini za mashahidi wawili. Sasa huyu mama alivyoapa tarehe tisa, hakuwa mtumishi wa chuo. Alijiapia mwenyewe, mambo yake binafsi. Profesa hahusiki."

"Ni uongo huo!" Msajili alisema. "Nimeandika leo asubuhi kwenye daftari la mahudhurio! Niko ofisini kila siku!"

"Daftari hilo liko wapi?"

Liko ofisini. Kwa Profesa Bati. Nayo ofisi, nadhani huhitaji kuambiwa, imeshabadilishwa kufuli.

Kitinda alikuwa bado anaitazama ile tarehe. Vidole vyake vilikuwa vinafinya koti jeupe.

"Dada," alisema, "fomu zetu ulisaini lini?"

Msajili alifungua mdomo. Ndipo na yeye akaelewa.

"Tarehe kumi na nne," alisema.

Nyuma yao kelele za furaha zilikuwa zinapungua. Mmoja aliyesikia alimwambia wa pili, wa pili akamwambia wa tatu. Habari ikapanda hadi ngazi ya juu. Fomu sitini na mbili, zote zimesainiwa na mtu ambaye kwa barua ile hakuwa msajili wa chochote. Ili akwepe polisi, Profesa Bati alikuwa tayari kuwafuta watoto wote wa watu, na wala hakupepesa.

"Barua hii ni moja tu," Wakili Pingamizi alisema, akiirudisha kwenye jalada taratibu. "Haijafika masjala ya mahakama. Inaweza kufika kesho. Inaweza pia kuchanika, karatasi za siku hizi ni laini sana. Kama kesho shahidi atapanda kizimbani na kukumbuka kwamba orodha aliitunga mwenyewe na mwenye chuo hakujua lolote, sioni kwa nini mtu ahitaji barua. Mtihani utakuwepo. Wewe utashtakiwa peke yako, bila shaka. Miaka miwili, mitatu. Mimi sijasema kitu. Nimeonyesha karatasi."

"Ondoka hapa," Msajili alisema. Alikuwa amejaa hasira, na hasira ilikuwa tamu, maana kwa mara ya kwanza ilikuwa ya haki. "Nimeshasema kweli. Sirudi nyuma. Kitinda, twende nyumbani."

Alinyoosha mkono. Kitinda hakuushika.

Alikuwa amewatazama wenzake kwenye ngazi, mmoja mmoja, mpaka wa juu kabisa. Wote walikuwa wanamtazama yeye. Akafuta macho kwa mkono wa koti. Alipogeuka, hakumgeukia dada yake. Alimgeukia Wakili Pingamizi.

"Kesho dada atapanda kizimbani saa ngapi?" akauliza.